Injini ya Svanhild

Skarvbukta, 15 Januari 1984

Mpendwa Baba Mdogo Hagbart,

Nakusalimu kutoka gizani. Jua hatujaliona tangu Novemba, lakini sote tu wazima. Mama nyonga inamsumbua na bado anapanda ngazi kufuta madirisha yasiyopitisha mwanga wowote. Chewa wamefika mapema mwaka huu. Mume wangu Oddleif yuko baharini tangu asubuhi na mimi nimekaa karibu na jiko, namsubiri. Nasikia wewe huko kusini unalima nyanya kwenye kibanda cha vioo. Mama anasema mvuvi anayelima nyanya ni mtu aliyekata tamaa. Nikimwambia akuandikie mwenyewe anasema hana miwani, na miwani iko usoni.

Sasa haja yangu. Novemba ijayo inatimia miaka arobaini tangu Wajerumani waichome Skarvbukta. Kamati ya kijiji imenikabidhi kamera niwahoji wazee kabla hawajatuacha, halafu tuionyeshe filamu kwenye jumba la mikutano siku ya kumbukumbu. Nilidhani watakataa kusema. Wapi. Bibi Rakel Mikalsen alizungumza mpaka filamu ikaniishia. Anasema wanajeshi waliufunga mlango wa zizi ng'ombe wakiwa ndani, wakalimwagia petroli na kuliwasha. "Walilia kama watu, Gunnvor. Mimi nimesimama na kreti ya vikombe vyangu vya harusi, sijui nikafungue zizi au nivifukie vikombe. Nikavifukia. Ninavyo mpaka leo na sijawahi kuvinywea." Mzee Edvin naye amesimulia habari za babu yake aliyegoma kuondoka kitini. Walimchomea humo humo, na Edvin alitazama kutoka mlimani mpaka paa lilipoanguka.

Hayo wanayasema. Nikifika kwenye ufuko wa Stabben ndipo ninapokwama. Wale watu wetu waliokataa kuhamishwa na Wajerumani walijificha pangoni majuma mazima. Walipika siku za ukungu tu ili moshi usionekane, na waliwaua mbwa wao kwa mikono yao ili wasibweke. Watu waangalifu kiasi hicho, mbona siku ile walitoka wote mchana, wakateremka majini, wakapigwa risasi? Bibi yangu Petrea, mama yako mzazi, alianguka wa kwanza. Kila ninayemuuliza sababu ananimiminia kahawa. Nimekunywa kahawa mpaka mikono inanitetemeka kwenye kamera.

Tumekua tukiambiwa kwamba Heikki Lampela aliwauza, na baada ya vita akauawa kwa hilo. Mkven yule, mtu wa asili ya Kifini, fundi seremala wa Wajerumani. Sawa, tuseme aliwauza. Aliwatoaje pangoni wakiwa wanacheka? Maana hilo moja lilimponyoka Edvin: alisema walitoka wanacheka.

Wewe ulikuwepo vuli ile. Niandikie unachokumbuka, au ruhusu nije na kamera.

Mwanao,
Gunnvor

---

Fredrikstad, 26 Februari 1984

Mwanangu Gunnvor,

Barua yako ilinikuta na mafua, ndiyo sababu ya kuchelewa. Sasa nimepona. Theluji huku imeanza kuyeyuka na barabara zote ni matope. Nyanya bado ni mbegu kwenye makopo. Mwambie shemeji kwamba mvuvi asiye na mashua lazima alime kitu, na nyanya hazina mawimbi. Nyonga aipumzishe. Tangu mke wangu afariki sipiki sana, ila jirani huniletea supu, na mimi nampasulia kuni.

Hongera kwa kazi hiyo. Mimi sina la kusema mbele ya kamera. Mashua yetu Svanhild tuliizamisha kwa mawe Oktoba, kama wenzetu wote walivyozamisha mashua zao ili zisichukuliwe, na ilikaa chini ya maji mpaka amani. Nilikamatwa mlimani nikapelekwa kusini kwa meli. Ya Stabben niliyasikia kama ulivyoyasikia wewe.

Habari ya Lampela ilikwisha zamani na mwenyewe hayupo. Usiifukue. Piga picha vile vikombe vya Rakel, watu watavipenda.

Aune bado anaishi pale pale?

Baba yako mdogo,
Hagbart

---

Skarvbukta, 8 Aprili 1984

Baba Mdogo,

Salamu za huku ni jua. Limerudi na watoto wanavua kofia kabla ya wakati, wote wanakohoa. Mama amesoma barua yako bila miwani na amecheka alipofika kwenye nyanya. Oddleif amenunua nyavu mpya na sasa hatuna pazia la sebuleni, usiniulize.

Sikukutajia Aune, binti wa Heikki Lampela. Umemuuliza mwenyewe. Yupo. Anakata minofu kiwandani kwenye meza ya mwisho, na kwenye jumba la mikutano hukaa kiti cha karibu na mlango. Kiti cha pili yake hakikaliwi na mtu. Nimekua nikiona hivyo nikidhani ni baridi ya mlangoni.

Sasa nisikilize. Nilitaka sauti ya mashua ya zamani niiweke chini ya picha za kijiji kikiwaka. Nikaambiwa kuna mtu ghuba ya pili, Torleif, bado anatumia injini ya Svanhild ambayo marehemu baba alimuuzia mwaka 1946. Nikafurahi, nikaenda na rekoda. Torleif akaipasha kichwa kwa taa ya moto, kama injini hizo zinavyotaka, akaiwasha kwa matusi, ikaanza kudunda. Nikamsimulia kwamba ililala baharini miezi yote ile. Akanicheka. "Nimeifungua mimi vipande vipande. Hii haijanywa maji ya chumvi hata kijiko. Nani kakudanganya?"

Nilipeleka kanda kwa Bibi Rakel nimuulize kama ndivyo mashua za enzi zile zilivyolia. Alikuwa ameketi anafuma. Ile sauti ilipoanza, akasimama, akachukua sufuria, akaijaza maji, akaanza kutoa viazi kwenye kapu. Mikono yake ilifanya peke yake, Baba Mdogo, yeye anatazama dirishani. Injini ikakohoa kile kikohozi chake. Akaiachia sufuria ikaanguka, akaipiga rekoda kwa ngumi mpaka ikadondoka kutoka mezani.

Nilitaka kuondoka. Akanishika mkono. "Kaa. Washa hiyo kamera yako, na usiniguse." Haya ni maneno yake, nimeyanakili kutoka kwenye kanda:

"Sisi wanawake wa hapa hatukutumia saa. Kila injini ina sauti yake. Ukiisikia ya mumeo inaingia mdomo wa ghuba unaweka viazi jikoni, akimaliza kufunga kamba gatini viazi vimeiva. Ya Svanhild ilikuwa na kikohozi, Petrea angeijua hata kaburini. Na Hagbart alituahidi. Alikuja pangoni akasema, naenda kuiibua Svanhild, nitakuja niwavushe mashariki walikoingia Warusi, mkinisikia teremkeni haraka. Kumbe hata kuizamisha hawakuwahi kuizamisha, waliificha tu ghuba ya ndani. Basi siku ile ukungu ulikuwa mzito. Tukasikia. Petrea akasema, 'Huyo mwanangu. Na sina hata jiko la kumwekea viazi.' Tukacheka, we mtoto. Tulitoka tunacheka.

"Ilikuwa inadunda vibaya. Inakimbia, inataka kufa, inakimbia tena. Dagny mdogo wangu akasema, 'Hagbart furaha imempanda kichwani.' Petrea akaingia majini mpaka magotini anamwita kwa jina. Ukungu ukaachana nikaona kofia za chuma. Risasi ya kwanza ilimpiga Petrea mdomoni, jina la mwanawe bado liko humo. Dagny alipigwa tumboni, akakaa majini amekumbatia matumbo yake kama mtu aliyebeba nguo za kufua. Hakufa upesi. Alikuwa ananiomba radhi kwa kelele anazopiga. Mimi niliangukiwa na mzee Nils, damu yake ikanijaa sikioni. Ndiyo maana upande huu sisikii, daktari anasema ni uzee."

Nikamuuliza nani alishika usukani.

"Sikumwona. Sikuhitaji kumwona."

Nikamuuliza kwa nini walinyamaza mpaka Lampela akauawa.

"Petrea alikufa anamwita mwanawe kwa furaha. Umwambie nini yule mwanawe mwingine? Ansgar, baba yako, alirudi na uchungu wa mama yake, anataka mtu wa kulipa. Mkven alikuwepo. Tulitazama vikombe vyetu." Halafu akasema, "Ansgar nilimwambia baadaye. Mwaka uliofuata. Alikaa hapo ulipokaa wewe. Kisha akaenda akaing'oa ile injini."

Mwaka uliofuata ni 1946, mwaka ambao wewe ulihamia kusini. Baba yangu alikufa miaka mitano iliyopita na shada lako lilikuja halina jina. Mama ndiye aliyelitambua, kwa mwandiko wa anwani.

Niambie nilichosikia si kweli. Au niambie ni kweli. Usiniandikie habari za matope.

Gunnvor

---

Fredrikstad, 21 Mei 1984

Gunnvor,

Natumaini watoto hawakohoi tena.

Ile kanda itupe baharini. Rakel ni mzee na sikio moja limekufa, mwenyewe amekwambia. Wewe ulizaliwa kwenye nyumba mpya iliyopakwa rangi, hujui unachovuta kutoka chini. Ukivuta kitapanda na vingine usivyovitaka, na vitakuwa vyako, si vyangu.

Pigeni filamu, laleni. Ila watu wa gatini usiwaulize. Nakuomba hilo tu, na sikuombi kwa ajili yangu.

H.

---

Skarvbukta, 2 Agosti 1984

Baba Mdogo Hagbart,

Hatukohoi. Mama amefanyiwa upasuaji wa nyonga na anawafokea wauguzi, maana yake anaendelea vizuri. Beri za milimani zimeiva, nimekuwekea chupa mbili ingawa sijui nimpe nani akuletee.

Sikujua kuna watu wa gatini. Wewe ndiye uliyenifundisha niulize. Nilikaa na barua yako mwezi mzima, kisha nikaenda kwa Aune.

Mara ya kwanza alinifungia mlango. Mara ya pili akasema, "Mnataka kunipiga picha ya nini, muone Wakven wanafananaje?" Mara ya tatu nilikwenda bila kamera, na kanda ya Rakel mkononi. Akaisikiliza amesimama. Ilipokwisha akasema niende nikailete kamera, lakini nipige mikono yake tu, uso hautoi.

Alikuwa na miaka tisa wakati huo. Anasema Wajerumani walimchukua baba yake siku ile ya Stabben kwa sababu alijua Kijerumani cha kazi, awatafsirie. Aliporudi nyumbani alimwambia mkewe, na Aune akasikia kutoka kitandani: "Yule kijana alikuwa na bunduki mgongoni. Alikuwa anachezea mafuta makusudi, anaikimbiza na kuiua injini ili wajue kuna kasoro. Mimi nilijua, Wajerumani hawakujua. Wale wanawake hawakuelewa. Jina lake sitalitaja kwa mtu, ana mzigo wa kutosha." Huyo ndiye msaliti wetu.

Mei mwaka 1945 wanaume wa kijiji walimfuata. Walimfunga miguu kwa kamba ya mishipi ya chewa, na ndoana hawakuziondoa. Wakamfunga nyuma ya mashua na kumburura kutoka gatini mpaka mdomo wa ghuba, wakamwinua, wakamuuliza, wakamburura tena. Aune na mama yake waliwekwa mbele watazame. Aliyekuwa anauliza ni mmoja, swali ni moja: "Ulikuwa na nani kwenye ile mashua?" Na Heikki anajibu, "Sikumfahamu." Aune anasema, "Kumfahamu alimfahamu. Alimchongea skii zake za kwanza za kutelezea theluji." Mara ya mwisho walipomwinua ngozi ya miguu ilikuwa imebaki kwenye ndoana, na hakuwa anajibu tena.

Aliyeuliza alikuwa baba yangu.

Nimeiandika hiyo sentensi mara kadhaa na kuikata. Ni ile mikono iliyonifunga kamba za viatu. Nilimchukia siku nyingi, nikaenda kaburini nimwambie, nikaishia kulia kama mtoto. Aune ananiambia tangu Krismasi ya 1946 Ansgar alikuwa akiweka chewa mzima mlangoni kwao, kila mwaka, bila kubisha hodi. Nikauliza kama walimla. "Mama alimtupa baharini. Mama alipokufa nikaendelea kumtupa mimi."

Na wewe, Baba Mdogo, ulikuwa pale. Umesimama kwenye kibanda cha chumvi, Aune anasema, umevaa sweta ya kijivu. "Baba alimtazama mara moja tu. Halafu akageuza macho upande mwingine, ili wenzake wasiyafuate." Amelisema hilo bila kupandisha sauti. Vidole vyake tu ndivyo vilivyokuwa vinakuna meza.

Sasa hali ndiyo hii. Kamati imeitazama filamu. Mwenyekiti anasema vikombe vibaki, ng'ombe wabaki, ufuko ubaki, lakini Aune na kanda ya injini vitoke. Anasema Rakel hakumwona mtu, na binti wa Lampela atasema nini kingine. Aliniambia, "Injini si shahidi, Gunnvor. Na huyo ni baba yako unayemvua nguo mbele ya watu." Mimi nimekubali kumvua nguo baba yangu. Nimelia nikamaliza. Lakini bila neno la aliyekuwa kwenye usukani, filamu itaonyeshwa nusu, na Aune atakaa karibu na mlango mpaka afe, na kiti cha pili yake kitakuwa kitupu.

Kwa hiyo sikuombi picha wala kumbukumbu. Nakuomba umkalie Aune kiti hicho.

Mwanao, bado,
Gunnvor

---

Fredrikstad, 14 Oktoba 1984

Mwanangu Gunnvor,

Nafurahi shemeji anafoka. Huku majani yameanguka na nyanya zimekwisha, zilizobaki mbichi nimempa jirani pamoja na ufunguo wa kibanda.

Nimesoma barua yako kila siku tangu ifike. Sina cha kusahihisha ila kimoja. Bunduki haikuwa mgongoni. Ilikuwa kinywani, na chuma chake nakionja mpaka leo nikila. Heikki alimwambia mkewe kwamba ilikuwa mgongoni, nadhani kwa kumhurumia. Walinikamata ghuba ya ndani nikiitoa Svanhild mafichoni, wakanilazimisha niiendeshe mpaka Stabben.

Rakel anasema ilikuwa inadunda vibaya. Mwambie asante. Miaka yote hii nilidhani hakuna aliyesikia, nikajilaumu kwamba sikufanya kwa nguvu. Kumbe walisikia. Sijui kama hiyo ni nafuu.

Ansgar alikuja chumbani kwangu mwaka ule akaweka begi langu kitandani. Hakunipiga. Ningependa angenipiga.

Nimekata tiketi ya meli ya pwani. Nitafika Ijumaa, siku moja kabla ya maonyesho. Mwambie Aune nitapita kwake kwanza, jikoni kwake, tukiwa wawili, nimweleze yote kabla ya watu. Mwambie meli hizi mpya hazina sauti ya kujulikana, kwa hiyo asiweke kitu jikoni. Lakini kama atataka kuweka viazi, nitashukuru.

Baba yako mdogo,
Hagbart

---

Skarvbukta, 27 Oktoba 1984

Kwa Hagbart Eilertsen, abiria, kwa mkono wa ofisi ya meli, Tromsø

Baba Mdogo,

Natumaini hii itakuwahi kabla hujaanza sehemu ya mwisho ya safari. Vaa nguo nzito, gatini kuna upepo. Mama ametoka hospitali na amesema atakuja kukupokea na magongo yake. Nimemkataza, hasikii.

Barua yako nimempelekea Aune. Aliisoma amesimama, kama alivyoisikiliza ile kanda. Alipofika pale kwenye bunduki aliweka mkono mdomoni. Kisha akaikunja akanirudishia. Nimeyaandika maneno yake pale pale ili nisiyapunguze:

"Aje. Lakini jikoni kwangu asiingie kwanza. Baba yangu hakufia jikoni. Ashuke kwenye meli, asimame gatini pale walipomfungia kamba, aseme kwa sauti alikuwa nani kwenye ile mashua. Wote watakuwepo, meli ikija huwa wapo. Mimi nitasimama kwenye kibanda cha chumvi. Anitazame, na asigeuze macho. Viazi baadaye."

Kamera nitakuwa nayo.

Gunnvor